Mpira Uliokaa Mfukoni mwa Mzee Kanti

Nakumbuka Jumamosi moja ya jua kali, kwenye uwanja wa shule kule Upanga, mzee mmoja aliuchukua mpira niliokuwa nikirusha, akautia mfukoni mwa suruali yake, kisha akaikalia glavu yake kama mtu aliyefika nyumbani. Siku ile nilidhani ananikomoa. Kwa sababu ya siku ile nakuandikia wewe leo, mwanangu.

Usicheke nikikuita mwanangu. Najua sina mvi, na najua mtaani tunaitana hivyo hata rika kwa rika. Lakini besiboli hapa Bongo bado ni mchezo mchanga, na katika nyumba yenye watoto watupu, aliyezaliwa asubuhi ni mkubwa wa aliyezaliwa jioni. Mimi nimeurusha mpira huu kwa malipo huko ughaibuni, nimerudi, na bega linaniambia mvua ikikaribia kabla mawingu hayajakusanyika. Huo ndio uzee wangu. Upokee hivyo hivyo.

Jana uliniandikia: "Shikamoo kocha. Jumamosi nianze kupasha misuli saa ngapi?" Kabla sijajibu ukatuma ujumbe mwingine: "Nikianza mapema sana kuna ubaya?" Kisha wa tatu: "Au nianze nyumbani kabisa?" Niliposoma huo wa tatu nilikaa chini. Nilijiona mwenyewe.

Wakati ule nilikuwa nimemaliza chuo, nina shahada ya ununuzi na ugavi, na kazi niliyokuwa nayo ni uwinga Kariakoo. Winga unamjua: hana duka wala mzigo. Anasimama Mtaa wa Sikukuu tangu asubuhi, anamnasa mteja, anampeleka kwenye duka la mtu, na kikiuzwa kitu anapata chake juu. Wenzangu waliniita Msomi. Nikikosa mteja walisema, "Mwacheni Msomi, bado anamfanyia utafiti."

Walikuwa na haki ya kusema. Mimi nilikuwa mtu wa kuwaza jambo mpaka linachanika. Nikiitwa kwenye usaili Posta, nilifika mlinzi hajafungua geti, nikarudia majibu kichwani mpaka zamu yangu ikifika maneno yameshaota ukungu. Mteja akiniambia "naja", nilibaki najiuliza: anakuja kweli, au nimemchosha? Nilivaa shati lile la njano, labda ni shati? Mtu wa namna hiyo, mwanangu, ndiye niliyepewa kazi ya mrushaji wa akiba katika timu ya besiboli niliyoichezea Jumamosi.

Wewe kazi hiyo unaijua, lakini niieleze, maana nasaha huweza kusomwa na wengine. Katika besiboli, mrushaji, anayemrushia mpira mpigaji wa upande wa pili, ndiye anayeanza kila kitu. Asiporusha, hakuna mchezo. Akichoka au akianza kupigwa, kocha humtoa na kumwingiza mwingine amalizie. Huyo mwingine amekaa pembeni mchezo mzima. Hajui kama ataitwa. Na akiitwa, ujue mambo yameshaharibika: wapinzani wamesimama kwenye besi, vile vituo wanavyokimbilia kutafuta pointi, wenzake wamekunja nyuso, na mpira anaokabidhiwa una jasho la mtu mwingine.

Mimi nilipata dawa ya kungoja huko, au nilidhani ni dawa. Nilipasha. Mchezo ukianza tu, nami huko pembeni nilianza kurusha. Mpigaji wetu akikosa, narusha. Mawingu yakikusanyika, narusha. Nilijiambia kwamba najiandaa, kumbe naukimbia moyo wangu. Bandu bandu huisha gogo. Siku nilizoitwa, nilipanda kilimani pa mrushaji, kichuguu cha katikati ya uwanja anaporushia, na mkono uliokwisha maliza kazi yake bila mtu kuuona.

Aliyekuwa akinidakia mipira huko pembeni ni Mzee Kanti. Alikuwa na duka la vitenge na mashuka palepale Kariakoo, na nilimpelekea wateja mara nyingi. Ujanani alicheza kriketi pamoja na Wahindi wenzake, yeye akiwa mdakaji nyuma ya vijiti vya wiketi, na vidole vyake viwili vilikuwa vimepinda kama tangawizi. Vijana hawakupenda kudaka mipira ya kupasha, kwa sababu hakuna anayekushangilia. Yeye alikuja kila Jumamosi mchana akishafunga hesabu zake, amevaa kandambili, akisema akibaki nyumbani anatumwa sokoni.

Sasa, Jumamosi ninayokuambia, alikuwa amekuja kocha mgeni kutoka ughaibuni. Timu yake ilikuwa ndogo, lakini ya kulipwa, na mwalimu wetu alitueleza wazi: anatafuta mrushaji wa akiba mmoja. Mmoja tu. Tulikuwa tunacheza na wenzetu wa Tanga, na yeye angekaa jukwaani aangalie warushaji wa pande zote mbili.

Kwangu mimi hapakuwa na Jumamosi nyingine. Mama yangu, niliyekaa naye Magomeni, alikuwa ameshazungumza na mjomba kule Masasi nikasimamie ghala lake la korosho. Hakunilazimisha. Alisema tu, huku ananisongea ugali, "Mwanangu, kurusha mawe si kazi. Jumatatu mjomba anasubiri jibu." Ghala si aibu, na korosho zimesomesha watu wengi. Lakini nilijua nikipanda basi lile, mpira huu nimeuaga.

Basi mchezo ulipoanza, nami nilianza. Nilirusha kwa nguvu zangu zote, na jicho langu moja liko jukwaani. Nilitaka mgeni asikie glavu ikilia. Raundi ya kwanza haijaisha, Mzee Kanti akasimama.

"Wewe unanirushia au unanigombeza?"

"Napasha, mzee."

"Unampashia nani? Hata hujaitwa."

"Wakiniita ghafla je?"

"Watakuita ghafla. Ndiyo kazi yenyewe." Akanisogelea. "Wewe Msomi, pale Sikukuu, mteja akiwa bado Mbagala anakunywa chai yake, unaanza kumwita?"

"Hapana, mzee."

"Ukiita tangu alfajiri maduka yamefungwa, akifika utamwita na sauti ya nani?"

Ndipo alipoupokea mpira, akautia mfukoni, na akaikalia glavu. Nilimwomba. Nilimwambia habari ya mgeni, ya mjomba, ya Jumatatu. Alisikiliza yote, kisha akapigapiga nyasi pembeni yake.

"Kaa. Kama ni kuogopa, ogopa umekaa. Kuogopa umesimama kunakula mkono."

Sijawahi kukaa mahali pagumu kama pale. Upande wa pili nilimwona mrushaji wa akiba wa Tanga, kijana mrefu, akipasha mfululizo, mpira wake unapasuka kwenye glavu, na mgeni kageuza kichwa kumtazama. Nikamwambia Mzee Kanti, "Unaona? Anamwangalia yule." Akasema, "Na mimi namwangalia. Anarusha vizuri sana." Akatoa karanga, akanigawia. Nikazifumbata tu mkononi. Nilimchukia, mwanangu, Mungu anisamehe. Niliwaza labda hataki niondoke Kariakoo nimpunguzie wateja. Niliwaza labda amezeeka na hataki kuinama. Mtu mwenye hofu hakosi sababu za kumshuku anayemsaidia.

Kuelekea mwisho, tukiwa mbele kwa pointi moja, mrushaji wetu akachoka. Besi zote tatu zikajaa wapinzani. Mwalimu akaanza kutembea kwenda kwake, na Mzee Kanti akainuka akijishika kiuno, akatoa mpira. "Sasa," alisema. Nilimrushia mara chache tu, za kuamsha bega. Ya mwisho ilimtoa "Aa!" akatikisa vidole vyake vilivyopinda. Nikaitwa.

Ningependa kukuambia kwamba nilifunga mchezo na watu wakanibeba. Hapana. Mpigaji wa kwanza aliugonga mpira wangu ukatambaa chini, ukapita katikati ya wenzangu wawili waliotazamana kila mmoja akidhani ni wa mwenzake. Wawili wakakimbia mpaka kituo cha nyumbani, pointi mbili. Waliobaki niliwatoa, na raundi ya mwisho hakuna aliyenigusa, lakini maji yalikuwa yamekwisha mwagika. Tulifungwa kwa pointi moja. Wale wawili hawakuingia besi kwa mpira wangu, niliwarithi. Kazi hii ndivyo ilivyo: unarithi deni usilolikopa, na jina linaloitwa ni lako.

Nilimkuta Mzee Kanti anafunga mkoba wake. Sikumpa hata pole ya jua.

"Ungeniacha nipashe nisingepigwa," nilimwambia.

Nilitaka akatae, tugombane. Akasema, "Huenda." Kisha akauliza, "Mkono ukoje?"

Niliuinua. Niliuzungusha. Ulikuwa mwepesi, kama sijafanya kitu. Hilo ndilo lililoniuma zaidi. Niliona nimeshindwa huku nina mkono uliojaa.

"Uko sawa," nikasema.

"Basi twende, nyumbani wananingoja wanitume sokoni."

Hatujafika getini, mwalimu akatukimbilia. Mgeni anasema warushaji wa pande zote mbili warudi kesho asubuhi. Wote. Warushe tena.

Jumapili ile mgeni alitukalisha kwenye kivuli cha darasa, akawa anatunyanyua mmoja mmoja bila taarifa: wewe, simama, rusha. Mrushaji wetu aliyeanza jana hakuweza kuinua kiwiko kufikia bega. Yule mrefu wa Tanga, ambaye jana hata kilimani hakupandishwa, mpira wake ulikuwa ukianguka njiani kama embe lililochoka. Alikuwa amecheza mchezo wote jana, huko pembeni, peke yake. Nilipomwona anajishika bega nilijijua: yule angekuwa mimi.

Mzee Kanti ndiye aliyenidaka. Nilirusha, na glavu yake ikalia kama mlango unaobamizwa na upepo. Mgeni hakutabasamu. Alimwambia mkalimani maneno machache, na mkalimani akanigeukia: "Anauliza, na keshokutwa utaweza tena?"

Nilisema nitaweza. Jumatatu Mama ndiye aliyempigia mjomba, akamwambia, "Kijana wako ameitwa mbali kwenda kurusha mawe, tumwombee." Alicheka na kulia kwa wakati mmoja.

Kutangulia si kufika, na kufika si kustarehe. Kule nilikokwenda, warushaji wa akiba hukaa kwenye kibanda kando ya uzio, baridi inapenya soksi, na ukutani kuna simu. Simu ikilia, mmoja wetu ameitwa. Lugha siijui, kila ikilia nasimama. Siku nyingi sikuwa mimi. Siku nilizoitwa, mara nyingine nilimaliza vizuri na watu wakampongeza aliyeanza. Mara nyingine nilirithi besi zilizojaa, nikarudi kibandani sina pa kuweka uso. Na kesho yake simu ile ile. Misimu ilipita hivyo, mpaka bega likasema basi, na klabu nayo ikasema basi, kwa adabu.

Hofu je? Haikuniacha hata msimu mmoja. Nisikudanganye ukafika Jumamosi ukaikuta, ukadhani wewe ndiye mwenye kasoro. Nilikuwa naikalisha pembeni yangu pale kibandani, naigawia karanga, nangoja simu.

Mzee Kanti siku hizi hadaki tena. Macho yamemchoka, duka analishika mwanawe, na ukienda kumsalimia atakuuliza kwanza, "Mkono ukoje?" hata kama wewe ni mwenye kununua shuka. Niliporudi, nilimwuliza kama siku ile alijua mgeni angetaka turushe tena. Alisema hakujua lolote. "Nilijua tu huwezi kulipa kitu mara mbili kwa mkono mmoja." Akanipa glavu yake. Ninayo hapa, ina kovu la kukaliwa.

Basi nasaha yangu ni hii, mwanangu, na niiseme wazi nisije nikaificha kwenye methali. Kujiandaa kuna wakati wake, na ukipita wakati huo unageuka kujimaliza. Usiutumie mkono wako kuutuliza moyo. Uwe ni mpira, uwe ni usaili, uwe ni mteja wa Sikukuu, mwachie aliye mbele yako apate nguvu zako zikiwa mpya. Utakayoyarithi, yarithi bila kununa, na ukifungwa, uliza kwanza mkono ukoje kabla ya kuuliza nani kanikosea. Akiba haiozi, lakini inaisha kwa mwenye wasiwasi. Na kama una wasiwasi, karibu, tuko wengi. Ogopa umekaa.

Jumamosi usipashe nyumbani. Kula, oga, muage mama yako vizuri, uje. Mimi ndiye nitakayekudaka. Nitakuja na glavu ya Mzee Kanti na karanga za kututosha wawili. Mpira utakuwa mfukoni mwangu, nawe usiniombe, maana hata mimi sijui kama nitaweza kukukatalia mara mbili. Wakati ukifika nitainuka.

Mwenyezi Mungu aulinde mkono wako, mwanangu, autie baraka ya leo na ya kesho yake, na siku utakayoitwa ikukute bado umejaa.