Ubao wa Dirishani kwa Huguette

Huguette Marsaudon alikuwa bawabu wa jumba lile la Belleville, Paris, tangu magoti yake yalipokuwa mazima. Alifagia ngazi, akagawa barua, akapika supu yake ya viazi na vitunguu katika kichumba cha mlangoni, na kuchoka kukamzoea kama paka.

Ghorofa ya juu aliishi Anselme Roubichou. Huyo hakuwa na kazi moja: leo anachora, kesho anatunga mashairi yasiyo na kichwa wala miguu, keshokutwa anapiga piano kwa vijiko. Mwaka mpya wapangaji wengine walimpa bawabu bahasha ya bakshishi, kama ilivyo ada. Anselme akashuka na ubao aliouchora picha kwa rangi.

"Bwana Anselme, huu naula vipi?"

"Huuli, mama. Ziba dirisha, usife kwa baridi."

Kweli kioo cha dirisha la kichumba kilikuwa kimevunjika. Huguette akaugongomelea hapo, rangi ikitazama jiko. Kila Alhamisi Anselme alishuka kunywa supu, akiukodolea macho ubao uliokuwa ukishika mvuke na masizi.

"Bado haujaiva," alikuwa akisema.

"Ulioiva ni ubongo wako! Kunywa, inapoa."

Miaka ikaenda hivyo. Anselme akafa, ndipo wakubwa wa sanaa wakagundua kwamba alikuwa mtu. Akaja Bi Tessandier wa makumbusho kukusanya kazi zake. Akiwa anateremka, akauona ubao kupitia mlango wa bawabu uliokuwa wazi, akaingia, akasimama mkono kifuani.

"Mama, tupe huu. Tutauosha masizi, urudi kama alivyouchora. Na wewe tutakuwekea kioo kipya, upate mwanga na joto."

Huguette akaketi. Kioo! Majira mangapi ya baridi amelala na koti? Magoti yalimwambia kubali, na neno lilishafika mdomoni.

"Mtauosha wote?"

"Wote. Hakutabaki doa."

Akaziona supu zake, za maisha mazima, zikifutwa kwa kitambaa na kumwagwa na maji machafu. Ngazi alizoziosha, watu walizikanyaga tena kabla hazijakauka. Hapa tu palikuwa na kitu chake kilichobaki.

"Basi hapana. Yeye aliuchora, mimi nikaupika. Mkiutaka na masizi yake, njooni. La sivyo, ngojeni nife."

"Lakini mama, baridi hii..."

"Baridi naijua, binti yangu. Funga mlango ukitoka."

Akajiinua kwa kushika meza, akabandika sufuria ya supu.