Magodoro Yaliyochomwa Yadini Temeke

Theonest alianza kuendesha malori ya masafa marefu wakati barabara ya Zambia ikiwa bado vumbi tupu. Alitoka Bukoba akiwa kijana, akapanga chumba Temeke karibu na yadi ya shirika moja la umma la usafirishaji. Alipeleka mbolea Tunduma, akarudi na shaba.

Mwaka 1976 akaja pale mtafiti mmoja, dada aliyeitwa Auleria. Alikuwa ametumwa kuchunguza kwa nini malori yanapinduka, na yafanyweje ili yaende safari nyingi bila ajali. Madereva wengi walimkwepa, wakidhani atawauliza habari za pombe. Yeye aliwauliza wanalala wapi. Swali hilo lilimgusa Theonest, akamweleza yote. Baadhi yao walikuwa na vigodoro nyuma ya viti. Macho yakiwa mazito waliegesha Mikumi au Makambako, wakajilaza kidogo, wakaendelea. Wasio na godoro ndio waliokuwa wakiangukia mitaroni. Auleria akaahidi kupendekeza kila lori liwe na godoro, na madereva wawili wa kupokezana.

Ripoti ilipotoka, meneja wa yadi, Adelard, aliitisha mkutano. Alivaa suti yake ya Kaunda, imenyooshwa mpaka inakata. Auleria hakualikwa. Adelard alisema utafiti umeonyesha malori yanasimama njiani muda mrefu mno, na taifa linalojitegemea haliwezi kubeba watu wanaolala. Siku ileile magodoro yote yalitolewa, yakarundikwa nyuma ya karakana, yakamwagiwa mafuta ya taa.

Moshi wake ulikuwa mzito, wa sponji na jasho la miaka. Theonest aliutazama mpaka moto ukazima. Kilichomchefua zaidi ni kwamba maneno yalikuwa yake mwenyewe, yamepinduliwa kama nguo. Rafiki yake Marselino, mtu wa Masasi mwenye utani mwingi, akamwambia sasa watalalia usukani.

Mvua za masika hazijaisha, lori la Marselino likatumbukia bondeni kwenye mteremko wa Kitonga likirudi na shaba. Utingo wake aliruka akapona. Alisema bosi wake alikuwa akisinzia tangu Iringa, akijipiga makofi usoni.

Msibani, Adelard alifika na gari la shirika. Alisimama mbele ya mjane, akasema ndugu Marselino amekufa akijenga nchi. Akalifuta paji la uso lisilo na jasho. Kisha akapita akiwapa mkono wafiwa, hadi akamfikia Theonest. Theonest alikunja mikono yake nyuma.

"Godoro lake ulilichoma wewe," alisema, bila kupaza sauti.

Waliokuwa mkekani wote walisikia. Adelard alitabasamu kama aliyesalimiwa, akasogea kwa mtu wa pili. Tabasamu lile ndilo lililomtia Theonest kinyaa kuliko hotuba.

Mwezi haukuisha akaachishwa kazi kwa ukorofi. Adelard akapandishwa cheo, kwa kuwa mizigo ilikuwa imeongezeka. Theonest akahamia Manzese, akawa anaziba pancha pembeni mwa barabara ya Morogoro. Malori ya shirika yalipopita alitazama nyuso za madereva, akageuza uso.

Mwaka uliofuata Auleria alimfuata hapohapo. Alikuwa amekonda. Alisema aliandika kila alichoambiwa, wakachukua nusu. Alilalamika kwa wakubwa wake, wakamjibu kwamba uamuzi ni wa shirika. Sasa shirika linataka utafiti mwingine, kuhusu ajali za mwaka ule, na alihitaji dereva atakayesema kweli.

Theonest aliendelea kukwangua mpira.

"Hiyo ripoti utampelekea nani, dada?"

Auleria akaangalia barabara. "Ofisi ileile. Adelard ndiye anayeisimamia sasa."

"Basi waambie mie hukunipata."

Alimpisha mteja aliyekuwa akisubiri na baiskeli. Auleria alisimama kidogo juani, kisha akavuka barabara kwenda kituoni.