Maiki Niliyoisahau Choma

Vijana mnaopiga watu picha kwa simu kabla hata ya kuwaamkia, haya ni yenu. Someni polepole, maana nami nimeandika polepole. Shule yangu iliishia darasa la nne.

Siku ya kwanza kazini niliitwa kubana maiki. Ni kidude kama punje ya mahindi, hubanwa kifuani ndani ya nguo, sauti ikaenda kwenye kinasa. Wanawake wa mtaa wa Mtendeni walikataa kuguswa kifua na kijana wa kiume, na walikuwa na haki. Mwongozaji, yaani mkubwa wa filamu, akaniuliza, "Mama, utaweza?"

"Nimevalisha maharusi, nimevisha maiti sanda. Kidude hiki ndicho kitanishinda?"

Basi nikazunguka naye miaka: Isevya, Urambo, Ulyankulu. Filamu zetu zilikuwa za watu wa kweli wakisema yao. Unakaa na mtu, mnamenya karanga, kamera ikiwa bado mkobani. Kazi hii inachosha kuliko kulima. Jembe ukiliweka chini, limekaa. Maneno ya watu unalala nayo.

Kijijini Choma nilikosea. Mama mmoja alitusimulia kifo cha mtoto wake. Alipomaliza akaingia jikoni kwa dada yake, nami nikasahau kumvua maiki. Mwongozaji, hedifoni masikioni, akasikia kilio na Kisukuma asichokijua. Akanivalisha mimi hizo hedifoni.

"Mama, anasema nini?"

Nilisikia yote. Mumewe angeyajua, angemrudisha kwao na kumnyang'anya mtoto aliyebaki.

"Sisemi."

"Nitapata wa kunitafsiria mjini."

"Tafuta. Lakini kwanza kamwombe mwenyewe."

Nikamwita yule mama, nikamwambia nimesahau, na tumesikia. Akaketi vumbini pale pale. Mara mumewe akaingia na ng'ombe, akatusalimu, akacheka. "Mbona wageni wamenuna kama walionyimwa ugali? Hebu nami nisikie hicho chombo."

Mama alimtazama Mwongozaji tu. Mwongozaji akabonyeza kufuta, kisha akampa mzee hedifoni. "Kimeharibika, mzee. Hakuna kitu."

Mwongozaji hakuniuliza tena, na hata ninyi siwaambii.

Sasa nimestaafu, magoti yamekataa. Sijisifu kwa siku ile: kosa lilikuwa langu, hofu ikawa ya yule mama.

Juzi jirani alikuja kwangu na msiba wake, nikamwona mjukuu kainua simu. Nimewaagiza wote nyumbani: mgeni akilia, simu chini, mletee maji, ukae.