Mpigaji Aliyesahauliwa wa Septemba 1926

Verna Tolliver wa Martins Ferry, Ohio, hakumaliza shule. Kwa miaka thelathini na mmoja aliunganisha simu za watu, na jioni alimuuguza mama yake huku redio ikitangaza besiboli. Wengine husoma Zaburi ndipo walale. Verna alisoma kitabu kikubwa cha kumbukumbu za mchezo, kizito kama tofali, ambamo kila aliyewahi kucheza ligi kuu, hata kwa siku moja, ana mstari wake. Akikuta kosa aliwaandikia wahariri, nao walimshukuru na kumwomba aendelee. Hakuna aliyewahi kumwomba kitu kwa adabu namna ile.

Basi kule kwenye mkahawa wa Pauline, alikozoea kula, kulikuwa na Mzee Gus Hladky, mstaafu wa kiwanda cha chuma. Gus alisema Septemba ya 1926 aliichezea timu ya ligi kuu ya Washington, akasimama kupiga mara moja tu. Kitabu hakikumtaja.

"Mzee Gus," kijana mmoja wa pale, Dolph Renner, akamchokoza siku moja, mdomo umejaa pai ya tufaha, "humo kitabuni yumo hadi yule jamaa aliyecheza kwa mkono mmoja. Wewe tu ndiye huonekani! Au ulicheza ndotoni?"

"Cheka, mwanangu. Meno unayo bado."

Watu wakaangua kicheko, na Gus akacheka nao. Lakini Dolph alipotoka, mzee alimwinamia Verna. "Bi Verna, nikuambie kweli? Siku hizi na mimi nauliza. Labda niliota."

Neno hilo lilimchoma Verna. Kutosadikiwa na watu ni jambo moja. Mtu kutojisadiki mwenyewe ni jingine.

Jumamosi akavuka mto hadi maktaba ya Wheeling, akatazama magazeti ya zamani yaliyohifadhiwa kwenye filamu. Mchezo wa siku aliyoitaja Gus aliupata, na jedwali la wachezaji pia. Hladky hayumo. Alikaa kitambo, mikono mapajani, akifikiria atamwambiaje.

Halafu akafanya alichokuwa akikifanya kila mara: akapima jedwali. Katika besiboli hakuna mpigaji anayepotea hewani. Ama ametolewa, ama amezunguka vituo vyote hadi cha nyumbani na kuleta pointi, ama amebaki kituoni zamu ikiisha. Washington walitolewa ishirini na saba, wakapata pointi tatu, wakaacha saba vituoni. Jumla thelathini na saba. Lakini waliotajwa kwa majina walikuwa wamesimama mara thelathini na sita.

Akahesabu tena. Akahesabu mara ya tatu.

"Kuna mtu hapa," akasema kwa sauti, hata mkutubi akageuka. "Kuna mtu alisimama hapa!"

Jina bado halikuwapo, na hesabu peke yake haimtaji mtu. Aliandika barua sita kwa maktaba mbalimbali. Baada ya wiki tano, maktaba ya mji wa timu pinzani ikamtumia nakala ya gazeti lao: zamu ya nane, kijana Hladky alipiga badala ya mrushaji wa Washington, mpira ukaenda mbali, ukadakwa karibu kabisa na ukuta wa uwanja, naye akatolewa.

Verna aliwapelekea wahariri ushahidi huo, na toleo jipya la kitabu lilipofika, alilifungua kwenye kaunta kwa Pauline. Hladky, Augustin. Mchezo mmoja. Kusimama mara moja. Kisha sifuri, sifuri, sifuri.

Gus aliuweka mkono juu ya ukurasa kama anayepapasa paji la mtoto mgonjwa aliyepona.

"Ahsante, dada yangu," akasema. "Sifuri hizi ni zangu. Mungu akulipe."

"Nami ahsante, Mzee. Kabla yako sijawahi kumtafuta mchezaji nikamkuta hai."

Dolph alikuwa amesogea na kikombe chake. Alisoma mstari ule, kisha nakala ya gazeti ambayo Verna aliiweka kando yake, akakuna shingo.

"Kumbe ulidakwa, Mzee."

"Nilidakwa."

"Karibu na ukuta?" Dolph akavuta kiti, akakaa. "Haya, hebu tuambie. Mrushaji alikuletea mpira gani?"

Gus akainua mikono kama ameshika gongo. Miaka arobaini na saba, na ndiyo kwanza anaulizwa.