Tarehe Aliyoiona Baba Ndanu

Miaka ishirini na sita Mwanzia, Baba Ndanu wetu, amekuwa karani wa baraza linaloamua kesi za wapangaji na wenye ploti za kupangisha. Yeye anaishi Buruburu, mimi nauza mboga Tassia. Tulijuana siku nilipofungiwa nyumba, sufuria zangu zikiwa ndani. Alinijazia fomu bila kuniomba hata ya chai.

Mwaka jana ikatangazwa nafasi ya mjumbe wa baraza, mtu wa kuwakilisha wapangaji. Nikamwambia, "Baba Ndanu, hii ni yako. Si wewe huwanong'oneza hao wakubwa sheria inasemaje?" Alicheka, lakini aliitaka kwa roho yake yote. Akapanga foleni za vyeti: cha polisi, cha kodi, cha maadili. Mimi nikazunguka ploti hadi ploti nikitafuta sahihi za wapangaji wa kumpendekeza, mpaka miguu ikavimba.

Siku ya mahojiano alivaa suti aliyomwozea Ndanu. Akarudi anang'aa. "Mama Triza, wameniuliza maswali manne. Yote nimejibu!"

Wiki mbili baadaye likatoka gazeti rasmi la serikali. Karani huangalia tarehe kabla ya jina. Akaiangalia, akaniwekea kidole juu yake. Waziri alitia sahihi uteuzi Jumatatu. Yeye alihojiwa Jumatano iliyofuata.

Na jina? Patrobas! Patrobas huyu huyu mwenye ploti ninayokaa, anayetukatia maji tukichelewesha kodi siku mbili. Eti mwakilishi wa wapangaji. Ala! Fisi kakabidhiwa bucha.

"Si uende kortini? Njia unazijua," nikamwambia.

"Nazijua zote. Najua pia zinachukua miaka mingapi, na mimi nastaafu mwakani Desemba."

Siku ya kiapo, Baba Ndanu ndiye aliyemshikia Patrobas Biblia, maana ni kazi ya karani. Patrobas akampigapiga begani: "Mzee, utanifundisha kazi, eh?" Na huyu mjinga wetu akamfundisha. Nilikasirika, nikaacha kumsalimia.

Lakini juzi Patrobas amenipandishia kodi, na mlango wa kushtaki ni ule ule mmoja. Baba Ndanu akapokea fomu yangu, akagonga muhuri wa tarehe, hakuniangalia usoni.

"Nani ataisikiliza?" nikauliza.

"Patrobas na wenzake wawili."

"Kesi yake mwenyewe? Si sheria inamtaka ajitoe?"

"Hilo ndilo somo la kwanza nililompa, Mama Triza. Alicheka."