Karatasi ya Majina Matatu

Wiki nzima sikulala vizuri kwa sababu ya neno moja nililolisema nikiwa kidato cha tatu. Neno lenyewe ni "sijui". Nililisema mbele ya walimu wawili, nimesimama wima, mikono nyuma, na lilikuwa uongo. Kwamba nilidanganya, hilo halina mjadala. Shaka iliyonikosesha usingizi ilikuwa nyingine: je, neno lile ndilo lililomfungia rafiki yangu mlango wa skuli, au mlango ulikuwa umeshafungwa na mimi nilipita tu karibu yake? Na kama ulikuwa umeshafungwa, kulikuwa na haja gani ya kuandika barua miaka minane baadaye, tena kwa skuli ileile iliyotaka kuniajiri?

Mimi ni mtu wa kufikiri jambo mpaka likachakaa. Mama husema ninapika maji yaliyokwisha chemka. Lakini hili nitalieleza kwa mpango, kwa sababu nimelikasirikia muda mrefu bila mpango.

Skuli yenyewe ilikuwa ya dahalia, yaani ya bweni, hapa hapa Pemba, ya wanafunzi waliochaguliwa kwa alama. Ndivyo ilivyoandikwa. Ukweli ni kwamba wengine tulichaguliwa kwa alama na wengine kwa simu. Mimi nilitoka Wawi. Babu yangu alikuja kutoka bara kuchuma karafuu, akaoa, baada ya Mapinduzi akapewa eka tatu, akazilima mpaka akafa na kuzikwa palepale. Baba yangu kazaliwa Wawi na mimi nimezaliwa Wawi. Wiki ya kwanza, msichana wa kitanda cha jirani aliniuliza kwetu wapi.

"Wawi," nikasema.

"Nakuuliza kwenu."

"Si nimekwambia Wawi."

"Wawi mnakaa. Mie nauliza mlikotoka."

Hakuniuliza kwa ubaya. Alikuwa akijipaka mafuta ya nazi kichwani, na alikuwa tayari kunigaia. Hilo ndilo lililonichanganya kwa miaka. Nilikuwa na chuki ya kutosha kwa mtu anayenitukana, lakini sikuwa na pa kumweka mtu anayenipa mafuta yake huku akiniambia kwamba si wa hapa.

Wa namna yangu tulikuwa watatu katika darasa letu. Mmoja alitoka Mkoani, baba yake mchukuzi bandarini. Mwengine alitoka Micheweni, na huyo ndiye aliyekuwa rafiki yangu. Alikuwa mrefu, mwenye sauti nzito, na hisabati alizifanya kichwani wakati sisi tunatafuta kalamu. Babu yake, kama wangu, alikuja kwa karafuu. Wageni wa skuli walipokuja na jikoni pakahitajika mikono, tuliitwa sisi. Hakuna aliyesema ni kwa sababu gani. Mwalimu wa zamu alichungulia tu darasani, akatembeza macho, na macho yake yakatua palepale kila mara. Nilijaribu kutafuta sababu nyingine. Labda tulikaa karibu na mlango. Nikahamia nyuma, karibu na dirisha, na nikaitwa kutoka dirishani.

Jikoni tulikuwa tukizungumzia vitabu. Dahalia ilikuwa na hadithi za kusisimua zilizopita mkono kwa mkono, zimefunikwa magazeti, nyingi hazina jalada. Zilihusu skuli za matajiri za ng'ambo: kitu kimeibiwa au mtu kafa, na mtoto mweusi aliyeingia kwa ufadhili ndiye anayetazamwa kwa jicho baya. Tulizisoma kwa hasira kubwa. Rafiki yangu, huku amekalia mbuzi anakuna nazi ya ishirini, alisema, "Wazungu hawa wana roho mbaya, wallahi." Nikamuunga mkono. Hatukuinua vichwa kuangalia nani wengine wamekaa pale wanakuna nazi.

Mwaka ule wa kidato cha tatu skuli ilifanya maulidi makubwa, wakaalikwa wazazi na wakubwa. Mwalimu wa dini alinisikiliza nikisoma mara tatu, akaniambia nitasoma mlango wa pili wa kitabu cha maulidi. Nilifurahi sana. Siku mbili kabla, akaniita pembeni.

"Mwanangu, mlango wa pili nimempa mwenzako. Sauti yako nzuri, Mungu akuzidishie. Lakini familia yake ndiyo inayoleta vyetezo vya ubani na mrashi, na wageni wanapenda kumuona mtoto wa watu."

"Na mimi, maalim?"

"Wewe utasaidia vyombo."

Mwenzangu aliyepewa mlango wangu ndiye yule wa kitanda cha jirani. Alisoma vizuri. Siwezi kusema alisoma vibaya, ingawa nilimsikiliza kutoka jikoni nikiomba akosee.

Mrashi ule ulikuwa wa fedha, wenye shingo ndefu na vitundu vya kunyunyizia marashi juu ya wageni. Kitakoni ulikuwa na bonyeo dogo kama alama ya kidole gumba. Najua kwa sababu mimi na rafiki yangu tuliuosha asubuhi na tukaupokea tena maulidi yalipokwisha. Tuliufuta, tukauweka juu ya meza pamoja na vyetezo, tukarudi kwenye masufuria. Tuliosha beseni moja, yeye anasugua, mimi nasuuza, mpaka alasiri ikaadhiniwa. Hakutoka. Nalisema tena kwa sababu ndilo jambo lote: hakutoka jikoni hata mara moja.

Siku ya pili ikatangazwa kwamba mrashi haupo.

Katika hadithi tulizokuwa tukizisoma, kila mtu hushukiwa kwanza. Mkuu wa skuli, mpishi, mtoto wa tajiri, wote hupekuliwa. Kwetu walipekuliwa watatu. Masanduku yetu yalimwagwa juu ya vitanda, chupi na madaftari na barua, mbele ya dahalia nzima. Aliyesoma mlango wangu alitoka nje wakati wa kupekuliwa. Sijui kama aliona haya au alichoka kusimama.

Hawakupata kitu, na hapo mwalimu wa dini akasema itasomwa halbadiri. Kwa asiyeijua, hicho ni kisomo cha kumwapiza mwizi: hupatwa na madhara mpaka arudishe. Wanaoshukiwa huandikwa majina, kila mmoja na jina la mama yake mzazi, ili laana isipotee njia. Skuli haikuwa na ruhusa ya jambo lile, na kila mwalimu alijua. Kisomo kilipangwa Ijumaa baada ya sala ya alasiri. Jumatano niliagizwa kupeleka madaftari ofisini, na karatasi ilikuwa mezani, imeshikizwa kwa kikombe. Ilikuwa na majina matatu. Sikuhitaji kuyasoma. Niliyasoma hata hivyo, na nikaona mwandiko mzuri uliotumika kuandika jina la mama yangu.

Watu zaidi ya mia mbili waliingia na kutoka siku ile. Wapishi, madereva, wageni, ndugu wa wageni. Karatasi ilikuwa na nafasi ya kutosha.

Nilimwambia rafiki yangu. Akasema, "Mie sikuiba. Hainipati."

"Basi tulia."

"Mama je? Wamemwandika mama. Ana mimba ya miezi saba, na mbili zilishaharibika."

"Kama huna kosa haimpati na yeye."

"Weye una uhakika gani?"

Sikuwa na uhakika. Akaomba simu ya mpishi, akapiga nyumbani. Alhamisi asubuhi mama yake akafika, amevaa buibui limejaa vumbi la njia ya Micheweni, tumbo mbele. Tulikuwa mstarini. Hakupandisha sauti.

"Maalim, mtoto wangu nampeleka nyumbani. Na jina langu nataka litoke humo."

"Bi mkubwa, ukimchukua leo watu watasema."

"Watu wameshasema, maalim. Wameandika."

Mwalimu akaitoa karatasi mfukoni, akakata mstari mmoja kwa kalamu. Mama akasubiri mpaka akaona wino. Kisha wakaondoka na sanduku, kila mmoja kashika upande wake.

Halbadiri haikusomwa. Ikasemwa mwizi kajitoa mwenyewe. Mchana wa Alhamisi ileile, kabla hayo hayajatangazwa, niliitwa ofisini mbele ya mwalimu wa dini na mwalimu wa nidhamu.

"Mlikuwa pamoja mnaosha vyombo?"

"Ndiyo."

"Aliondoka jikoni wakati wowote?"

Jina la mama yangu lilikuwa bado kwenye karatasi ile. Nilijua kwamba nikisema hakuondoka, mwizi atakuwa hajapatikana, na Ijumaa ni kesho.

"Sijui," nikasema.

Waliandika. Mwalimu wa nidhamu akanipa peremende.

Maulidi ya mwaka uliofuata, mrashi ulirudi. Ulikuja juu ya sinia pamoja na vyetezo, nami nikapewa niuoshe. Niliugeuza nikaona bonyeo. Nikampelekea mwalimu wa dini, nikamuonyesha kitako. Akaniambia kwa upole kwamba kumbe shangazi wa familia aliutia kwenye kikapu cha vyombo vyake siku ileile, akawahi boti ya Unguja pale Mkoani, na kwa desturi yao mrashi haulali nje ya nyumba. Skuli ilijua mwezi mmoja baadaye.

"Na mwenzetu, maalim?"

"Tulitaka kumwita. Lakini ingekuwa kama tunaiaibisha familia ya watu. Mambo ya heri, mwanangu, hayaharibiwi."

Nikaurudisha mrashi kwenye sinia. Nikanyunyiziwa marashi na mimi, kama kila mtu.

Nilimaliza skuli, nikamaliza chuo, nikarudi Wawi nikakaa mwaka na nusu natafuta kazi. Mwezi uliopita skuli ile ikaniita nisomeshe Kiswahili kwa mkataba. Mkuu mpya alifurahi kwamba nimesoma palepale. Aliniomba nianzishe jumuiya ya wasomaji. "Watoto wanapenda zile hadithi za skuli za matajiri, za ubaguzi," aliniambia. "Zinawafunza. Alhamdulillahi sisi hapa mambo hayo hatuna." Nikasema ndiyo. Nilisema ndiyo kabla hajamaliza.

Wiki ileile rafiki yangu akanipigia. Alikuwa akilima mwani kwa miaka yote hiyo, na jioni akijisomea. Mtihani wa kidato cha nne aliufanya kama mtahiniwa wa kujitegemea, akafaulu. Alipata nafasi ya mafunzo ya uuguzi, lakini chuo kilitaka barua ya tabia kutoka skuli. Skuli ikaiandika: mwanafunzi huyu aliondoka wakati wa uchunguzi wa wizi. Alikuwa na siku kumi za kuleta barua nyengine au kukosa nafasi.

"Sitaki uniombee msamaha kwa mtu," aliniambia. "Nataka uandike ulichokiona. Kama hukuona, niambie, nitafute njia nyengine."

Hakujua kuhusu "sijui". Nilitaka kumwambia, nikasikia ana watu pembeni, nikaona nitamwambia kesho, nikakaa siku sita. Nilijiambia kazi yangu itanisaidia kumsaidia kutoka ndani. Nilijiambia labda mwalimu wa nidhamu angeandika vilevile hata ningesema kweli. Labda hawakutuchagua kwa asili yetu, labda ni kwa sababu tulikuwa jikoni. Lakini nani alituweka jikoni? Kila nilipofika hapo niliwakasirikia upya wao kwanza, kisha nafsi yangu, na hasira ya pili ndiyo iliyokuwa na faida.

Siku ya saba nilimpigia nikamwambia yote, pamoja na peremende.

"Nilikuwa nikifikiri aliyeniponza ni yule wa Mkoani," akasema.

"Ni mimi."

"Basi andika na hilo."

Niliandika kurasa mbili kwa mkono. Niliandika beseni, karatasi, kikombe, bonyeo, shangazi na boti. Niliandika kwamba tuliopekuliwa na kuandikwa ni watatu, na kwamba wote watatu babu zetu walitoka bara, na kwamba sijui sababu nyengine inayotuunganisha. Niliandika kwamba niliulizwa, nikadanganya. Nikatia saini na jina kamili.

Mkuu wa skuli aliisoma yote akiwa amekaa, mimi nimesimama.

"Mwanangu, haya ya zamani. Neno hili la asili litoe. Mapinduzi yalishayafuta."

"Silitoi, mwalimu."

"Jumatatu unaanza kazi. Karatasi hii ikibaki mezani hapa, mimi sitaweza kukutetea kwa bodi."

Nilimwambia nimeelewa. Nilimuomba aandike barua nyengine ya tabia mpaka Alhamisi, na nikamwambia nakala ya maelezo yangu naipeleka ofisi ya elimu ya wilaya. Nikaiacha pale mezani. Wilayani karani aliipiga muhuri wa kupokelewa bila kuisoma, akanirudishia nakala moja yenye muhuri. Saa nane nilikuwa Micheweni, rafiki yangu katoka pwani miguu imejaa mchanga, na nikampa nakala ile mkononi, aipeleke chuoni.