Forosadi katika Beseni la Shaba

Tangu Pasaka, nyumba yetu ya Kikula ina kiti kimoja tu kinachokaliwa. Mke wangu alianguka mlangoni akavunjika nyonga, wakampeleka Lubumbashi kwa binti yetu, karibu na daktari. Mimi nikabaki. Yeye mwenyewe ndiye aliyesema nibaki: nyumba isiachwe peke yake, na wakatekumeni wangu wasikose mwalimu kabla ya ubatizo. Nikakubali, kama nilivyozoea kumkubalia. Asubuhi nasali peke yangu. Mahali ambapo yeye huitikia nanyamaza kidogo, kisha naitikia mwenyewe.

Mwezi wa tisa binti yetu alinipigia simu. Mama yake hali chakula. Uji anausukuma, bukari, yaani ugali, anaigusa kwa kidole tu.

"Nikamuuliza anatamani nini," alisema. "Akajibu: konfitiri yangu."

Nilijua ni ipi. Nyuma ya nyumba tuna mforosadi tulioupanda mwaka alipozaliwa mtoto wetu wa kwanza. Kila mwaka, joto linapokaza na mvua bado haijaja, matunda yake yanakuwa meusi, na mke wangu anayapika kwa sukari na ndimu katika beseni la shaba alilofuliwa na fundi mmoja wa Kambove. Sufuria ya aluminiamu hakuitaka. Alisema shaba inapokea moto sawasawa, konfitiri inaiva upesi na rangi haipotei. Mimi katika miaka yote hiyo kazi yangu ilikuwa kupaka mkate.

Nikaamua nitapika mimi, nitamtumia chupa kwa dereva wa basi. Nilimwomba Mungu jambo moja tu: ale.

Jumamosi niliamka, nikachuma yaliyoweza kufikiwa na mkono. Vidole vikawa vyeusi kama vya mtoto mwizi. Nikaosha, nikapima glasi mbili za matunda kwa glasi moja ya sukari, nikakamua ndimu, nikawasha mbabula, jiko letu la makaa. Nilikoroga nikisali rozari, na sioni aibu kusema kwamba mafungu mawili niliyaruka nikichungulia povu. Nilipodondosha tone kwenye sahani na tone likakaa bila kukimbia, nilifurahi sana. Nikaepua beseni.

Hapo wakafika watu wawili wa shirika letu, jumuiya yetu ndogo ya kanisa. Mtaa wa pili kuna msiba, watu wanangoja wa kuongoza sala. Nikafunika beseni kwa kitambaa safi, nikavaa koti, nikaenda.

Niliporudi jua lilikuwa limeinama. Nikafunua. Ukingoni mwa konfitiri, pale inapogusa beseni, kulikuwa na mstari wa kijani. Nikaonja kidogo. Ulimi wangu ulihisi kama nimelamba ufunguo.

Nikampigia mke wangu.

"Papa, uliitoa mu beseni saa ngapi?"

"Haiyatoka bado. Iko mule mule tangu asubuhi."

Kisha nikamsikia anacheka. Tangu Pasaka sikuwa nimeisikia sauti ile.

"Ile beseni ni ya kupikia, haiko ya kulala! Konfitiri ikishaiva unaimwanga mu chupa ingali moto, pale pale. Weye, miaka ngapi ulikuwa unaweka shaba mu asidi kule ku usine?"

"Makumi tatu."

"Na ndimu haukujua kama ni asidi?"

"Ku usine hatukuwa tunakula, mama."

Akacheka mpaka akakohoa. "Mwanga yote. Usionje tena. Utakufa mbele yangu, na miye siwezi kutembea mpaka ku makaburi."

Kwa miaka thelathini kazi yangu kiwandani ilikuwa kuitoa shaba katika mawe kwa nguvu ya asidi. Niliwafundisha vijana wengi jambo hilo, wala halikuwahi kuvuka mlango wa jikoni kwangu.

Nilichimba shimo nyuma ya nyumba nikamwaga. Ndipo nikakumbuka Jumamosi za zamani, ambazo mke wangu hakuja kwenye sala za shirika kwa sababu ya konfitiri. Mara moja, mbele ya akina mama wenzake, nilimwambia kwamba Mungu hawekwi nyuma ya sufuria. Alitazama chini. Nilidhani amekubali kosa. Kumbe aliniacha tu niseme, kwa sababu jioni angenipa mkate wenye konfitiri, na mimi ningekula.

Matawi ya chini yalikuwa yamekwisha. Jumapili baada ya misa nikaazima ngazi kwa jirani, mama wa kanisa la maombi, wale ambao nyimbo zao hutuamsha kila alfajiri. Alikuja mwenyewe kuishika ngazi.

"Papa katekista, ukianguka tutakuombea kwetu," alisema. "Kwenu sala zinachelewa sana."

"Zinachelewa lakini zinafika."

"Basi shuka polepole, zisikupite njiani."

Nikachuma bakuli moja. Jumatatu nikapika, na mtu aliyebisha mlango nilimwambia anisubiri. Nikamimina kwenye chupa ikiwa bado inachemka, nikaungua kidole gumba. Ilitosha chupa moja.

Asubuhi iliyofuata, kwenye kituo, dereva alinyoosha mkono aipokee. Mkono wangu ukakataa kuiachia. Nilikuwa nimebeba na mfuko wenye mashati matatu, hivyo siwezi kudai kwamba sikujua ninachofanya. Nikaomba kiti.

Lubumbashi nilimkuta mke wangu amekaa kitandani, mdogo kuliko nilivyomwacha. Alinishika mkono, akatazama kidole changu kilichoungua. Binti yetu akaleta mkate. Mke wangu akafungua chupa, akanusa, akapaka.

"Sukari ni mingi."

Akala kipande kile chote. Akakata kingine. Binti yetu alitoka nje kwa haraka akisingizia maji ya chai.

Nikamwambia, "Mama, lile neno la sufuria nililokuambia mbele ya benzako, unisamehe."

"Lile? Nilikusamehe siku ile ile." Alilamba kijiko. "Lakini ulikawia kusema."

Nilikuwa nimepanga kumwambia nitakaa mpaka Jumapili. Usiku wangu wa kwanza bila kuitikia sala peke yangu nilikuwa nimeuona tayari mbele yangu. Yeye alikuwa anaipima chupa kwa jicho.

"Ku muti kumebaki?"

"Kumebaki kule juu kabisa."

"Basi kesho urudie ku nyumba asubuhi, mbele ndege bamalize matunda. Hii moja haitafika hata siku ya nne."

Mtu aliyesali siku zote hizo ili mkewe ale, angepinga kwa maneno gani? Jioni tulisali pamoja, naye akaitikia. Alfajiri nikachukua mashati yangu matatu, mawili hayajavaliwa, nikapanda basi. Njia nzima nilimshukuru Mungu, nikiwa nimegeuza uso dirishani ili abiria wa pembeni asinione.

Saa nne nilikuwa nyumbani. Ndege walikuwa wameshaanza.